Hakimu si jaji
Makala yenu kuhusu mstaafu wa mahakama ya Makadara, Nairobi, inamwita "jaji". Alikuwa hakimu, jaji huanzia Mahakama Kuu. Kwa sheria ya Kenya ya mahakama za mahakimu ya 2015, hakimu mkaazi husikiliza kesi za madai yasiyozidi shilingi milioni 5, hakimu mkuu milioni 20. Uhamisho wake mmeugusia kwa sentensi moja tu, na hapo ndipo kesi huharibika. Hakimu akihamishwa katikati ya kesi ya jinai, kifungu cha 200 cha sheria ya mwenendo wa jinai humlazimu anayempokea faili kumweleza mshtakiwa kwamba anaweza kudai mashahidi waitwe upya. Asipomweleza, hukumu huenda ikabatilishwa kwenye rufaa. Akimweleza, haya, mtafuteni yule polisi aliyetoa ushahidi, naye amekwisha kupelekwa Turkana, mbali kaskazini!