Milioni tano kugeuka kumi na tano: mkopo wa nyumba unauma wapi hasa?

Mazungumzo ya kununua nyumba kwa mkopo yakipamba moto nchini Kenya, hakosekani mtu wa kutupa hesabu moja mezani: ukikopa milioni tano, utarudisha milioni kumi na tano. Akishaisema huwa amemaliza. Kwake benki ni mnyonyaji na anayesaini ni mjinga. Wa upande wa pili naye ana yake: kodi ya kila mwezi ni pesa za kutupa, unamlipia mwenye nyumba mkopo wake. Hesabu zote mbili zina ukweli ndani yake. Zote mbili pia humpotosha anayetaka kuamua, kwa kuwa zinatazama jumla ya miaka ishirini, ilhali kinachowaumiza wengi hutokea ndani ya ile miaka mitano au kumi ya kwanza.

Tuchukue namba. Nyumba ya vyumba viwili ghorofani, nje kidogo ya Nairobi, inauzwa Sh6.25 milioni. Benki inataka dipoziti ya asilimia 20, yaani Sh1.25 milioni, halafu inakukopesha Sh5 milioni zilizobaki kwa miaka 20. Riba tuiweke asilimia 14, ambayo haiko mbali na wastani ambao Benki Kuu ya Kenya iliripoti kwa mikopo ya nyumba ya mwaka 2023. Rejesho la kila mwezi linakuwa Sh62,176. Zidisha kwa miezi 240, upate Sh14.9 milioni. Aliyesema milioni kumi na tano hakudanganya.

Na hapo hujagusa gharama za kuingilia. Ushuru wa stempu mjini ni asilimia 4 ya thamani, kwa nyumba hii Sh250,000. Kuna mthamini, kuna ada ya benki ya kuandaa mkopo, kuna bima ya maisha na bima ya moto, kuna wakili wako, na wakili wa benki ambaye kwa kawaida unamlipa wewe. Wengi hujikuta wakikopa tena, sacco au kwa jamaa, ili walipie tu haya.

Lakini shilingi ya mwaka wa ishirini si shilingi ya leo. Tukichukulia mfumuko wa bei wa asilimia 6 kwa mwaka, marejesho yote 240 yakipimwa kwa thamani ya shilingi ya leo yanashuka hadi kama Sh8.7 milioni. Ni ghali bado, ila ile "mara tatu" imeyeyuka ikawa chini ya mara mbili. Kuna na nafuu ya ushuru ambayo waajiriwa wengi hawaifuatilii: tangu mwisho wa 2024, mwenye mkopo wa nyumba anayoishi anaruhusiwa kuondoa hadi Sh30,000 za riba kila mwezi kwenye mapato yanayotozwa kodi. Kwa aliye kwenye kiwango cha asilimia 30, hizo ni Sh9,000 zinazobaki mfukoni kila mwezi, na kwa mkopo huu zitaendelea kubaki kwa takriban miaka 15.

Kodi ya nyumba nayo ihesabiwe kwa haki ileile. Tuseme nyumba kama hiyo inapangishwa kwa Sh35,000, na kodi inapanda asilimia 5 kwa mwaka. Mwaka wa kwanza mpangaji anamcheka mwenye mkopo. Mwaka wa 13 kodi inalipita lile rejesho la Sh62,176. Kufikia mwisho wa mwaka wa 20 mpangaji atakuwa ametoa karibu Sh13.9 milioni, na hamiliki hata kitasa cha mlango. Kwa hiyo anayetumia jumla ya miaka ishirini kuubeza mkopo akubali pia jumla ya miaka ishirini ya kodi. Hapo tofauti inakuwa ndogo kuliko kelele zake.

Sasa tuifungue ratiba ya marejesho yenyewe, ile karatasi ambayo wateja wengi hupewa pamoja na mkataba na hawaisomi. Mstari wa mwezi wa kwanza: umelipa Sh62,176. Riba imechukua Sh58,333. Deni limepungua kwa Sh3,843. Mwezi mzima wa kujibana, na sehemu yako ya nyumba imeongezeka kwa bei ya mifuko mitano hivi ya saruji. Shuka hadi mwezi wa 60. Umeshalipa Sh3.73 milioni, na bado unadaiwa Sh4.67 milioni. Shuka tena hadi mwezi wa 120, nusu ya safari kwa kalenda: umelipa Sh7.46 milioni, salio ni Sh4 milioni. Nusu ya deni hutaifikia mpaka mwaka wa 16.

Hakuna wizi hapo. Riba hutozwa kwa salio, na mwanzoni salio ni kubwa. Ila ubaya wa umbo hili ni kwamba humwadhibu anayeondoka mapema. Tuseme unauza baada ya miaka mitano. Kama bei ya nyumba imepanda asilimia 5 kila mwaka, utauza kwa karibu Sh8 milioni, ulipe dalali na benki, ubaki na kama Sh3 milioni. Ukitoa hizo kwenye dipoziti, ushuru wa stempu na marejesho uliyolipa, kuishi pale kumekugharimu takriban sawa na kodi ambayo ungelipa. Hapo hakuna kilio. Lakini kama bei haikusogea, jambo ambalo wenye nyumba za ghorofa kwenye mitaa iliyojengwa kupita kiasi wanalifahamu vizuri, umepoteza kama Sh1.5 milioni zaidi ya mpangaji wa mlango wa pili.

Na wanaoondoka mapema ni akina nani? Ni wale wenye mikataba ya miaka miwili miwili, waliopunguzwa kazini, waliohamishwa, waliotengana na wenzi wao. Sheria haijawaacha kabisa. Chini ya Sheria ya Ardhi ya 2012, benki lazima ikupe notisi ya angalau miezi mitatu urekebishe malimbikizo, kisha notisi nyingine ya siku 40 kabla ya kuuza. Nyumba ikiuzwa kwa bei iliyo chini ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, sheria inachukulia kwamba benki imekiuka wajibu wake mpaka ithibitishe vinginevyo. Lakini kuna imani moja iliyoenea ambayo ni hatari: kwamba Sheria ya Benki hairuhusu riba kuzidi kiasi ulichokopa. Kifungu hicho kipo, ni cha 44A, ila kinaanza kufanya kazi pale mkopo unapokuwa umeshindikana kulipwa. Anayelipa vizuri kila mwezi hakimgusi, na ndiyo maana anaweza kulipa riba ya karibu milioni kumi juu ya deni la milioni tano bila sheria yoyote kuvunjwa.

Halafu ile asilimia 14 yenyewe haijafungwa kwa msumari. Mikopo mingi ya nyumba Kenya ina riba inayobadilika, na mkopaji hulitia saini sharti hilo. Kiwango cha riba cha Benki Kuu kilikuwa asilimia 7 kuanzia Aprili 2020 hadi Mei 2022, kikapandishwa hatua kwa hatua mpaka asilimia 13 Februari 2024, ndipo kikaanza kushuka Agosti mwaka huo. Aliyekopa 2021 akidhani amepiga hesabu zake vizuri alipandishiwa rejesho katikati ya safari. Na viwango vilipogeuka kushuka, mapema 2025 Benki Kuu ilibidi izishinikize benki hadharani zipunguze nazo, kwani kwenye kupandisha hazikuwa na uzito huo.

Mkopo wetu ukipandishwa hadi asilimia 17 ungali mchanga, rejesho linaruka hadi kama Sh73,000. Benki nyingine, kwa kumhurumia mteja, huliacha rejesho lilivyo na kurefusha muda. Sasa tazama: asilimia 17 ya milioni tano ni riba ya Sh70,833 kwa mwezi. Ukiendelea kulipa Sh62,176, hulipi hata riba yote. Deni linakua huku unalipa. Huruma ya namna hiyo ni bora uikatae kama una uwezo.

Wanaotetea mkopo husema, na ni kweli, kwamba mkopaji si mateka. Ana mikono miwili ya kushika usukani. Wa kwanza ni muda. Mkopo huohuo kwa miaka 15 badala ya 20 una rejesho la Sh66,587. Ni nyongeza ya Sh4,411 tu kwa mwezi, na inaokoa Sh2.9 milioni. Wa pili ni kulipa zaidi. Ukibaki na mkataba wa miaka 20 lakini ukaongeza Sh5,000 kila mwezi tangu mwanzo, unamaliza baada ya miaka 14 na miezi saba na kuokoa kama Sh3.2 milioni. Nauona huu wa pili kuwa bora kwa mtu ambaye kipato chake hakitabiriki, kwa sababu mwezi mbaya ukija anarudi kwenye rejesho la kawaida bila kuomba ruhusa ya mtu. Sharti ni moja: mkataba usiwe na faini ya kulipa mapema, na kila unachoongeza kiingizwe kwenye deni lenyewe, kisilale kama malipo ya mwezi ujao. Afisa wa mikopo atakuuliza mara tatu unaweza kulipa kiasi gani. Kuhusu hili hatakuambia usipouliza.

Nafuu kubwa kuliko hizo ni riba yenyewe. KMRC, kampuni iliyoundwa 2018 kuzipatia benki na sacco fedha za muda mrefu, huzikopesha kwa asilimia 5 ili nazo zimkopeshe mnunuzi kwa chini ya 10. Kwa asilimia 9.5, rejesho letu linashuka hadi Sh46,607, na jumla hadi Sh11.2 milioni. Tofauti ya Sh15,500 kwa mwezi ni karo ya mtoto. Lakini mikopo yake ina ukomo wa kiasi, na inataka hatimiliki safi na kipato kinachoonekana kwenye karatasi. Nchi nzima, mikopo ya nyumba kwenye mabenki ni kama 30,000 tu. Mwenye duka Gikomba anayeingiza zaidi ya karani wa serikali hana payslipu ya kuonyesha.

Kuna hoja ambayo wapinzani wa mkopo wanaipenda, na ina uzito: panga, kisha wekeza tofauti. Dipoziti na ushuru wa stempu, Sh1.5 milioni, viingie kwenye uwekezaji unaolipa asilimia 10 baada ya kutozwa ushuru, na kila mwaka ile tofauti kati ya rejesho na kodi ya nyumba ifuate hukohuko. Baada ya miaka 20 mpangaji huyu ana karibu Sh18.6 milioni. Nyumba, ikipanda asilimia 5 kwa mwaka, ina thamani ya Sh16.6 milioni, ikipanda asilimia 6, Sh20 milioni. Nimeacha nje ukarabati wa aliyenunua na ile nafuu yake ya ushuru, vinavyovutana huku na huku. Ni karibu sare. Asilimia 10 si ndoto, kwani hati fungani ya miundombinu ya Februari 2024, isiyotozwa kodi, ililipa zaidi ya asilimia 18. Ila fikiria unachotakiwa kufanya: kuanza kwa kuweka pembeni Sh27,000 kila mwezi, na kuendelea kuweka tofauti iliyopo mwaka baada ya mwaka, bila kuzigusa harusi ikija, gari likiharibika, ndugu akilazwa. Wachache huweza. Benki inauza nidhamu ya kulazimishwa, kwa bei ghali, na kwa baadhi yetu inastahili kununuliwa.

Upande wa Tanzania, ambako riba za mikopo ya nyumba zimezoeleka kati ya asilimia 15 na 19, watu wengi hujibu kwa kujenga kidogo kidogo: kiwanja, msingi, kuta, kisha kupaua pesa ikipatikana. Hakuna riba. Lakini pagale lililosimama miaka minane nalo lina gharama. Pesa imelala kwenye tofali huku mwenyewe analipa kodi kwingine, na nondo na saruji za awamu ya mwisho zinanunuliwa kwa bei mpya. Wanaoikwepa riba kwa sababu ya dini wana njia nyingine, hasa Kenya ambako benki za Kiislamu zilianza 2008. Kwenye murabaha benki hununua mali na kukuuzia kwa bei iliyoongezwa faida. Jumla inaweza isiwe ndogo kuliko ya benki ya kawaida, ila bei hiyo haibadiliki, na kwa aliyepitia 2022 hadi 2024 akiwa na mkopo unaopanda, hilo si jambo dogo.

Kwangu mimi, mwenye kazi imara, aliyepata riba ya chini ya 10 na anayetarajia kukaa hapohapo zaidi ya miaka kumi, mkopo unamfaa, na asitishwe na milioni kumi na tano. Mwenye mkataba mfupi na riba ya 14 inayobadilika, anayenunua ghorofani kwa kutarajia kuuza "bei ikipanda", ananunua kitu kingine kabisa, na ajue hivyo. Kabla ya kusaini, omba ratiba ya marejesho yote 240 na uende moja kwa moja kwenye mstari wa mwezi wa 60. Salio lililoandikwa pale ndilo benki itakalolichukua kwanza siku utakayolazimika kuuza, na lile la kwako ni kinachobaki baada yake.