Jina la Sackler limefutwa ukutani. Fedha je?

Machi 10, 2018, watu waliokwenda kulitazama hekalu la Dendur katika Makumbusho ya Metropolitan, New York, walishtukia chupa za vidonge za rangi ya chungwa zikirushwa kwenye bwawa lililo mbele ya hekalu hilo la Misri. Zilibandikwa lebo za OxyContin. Mara watu kadhaa wakajilaza sakafuni kama maiti. Sehemu hiyo ya jengo ilikuwa na jina la Sackler, na aliyeongoza maandamano alikuwa Nan Goldin, mpiga picha ambaye kazi zake zimehifadhiwa na makumbusho hayo hayo.

Sackler ni ukoo uliomiliki Purdue Pharma, kampuni iliyoingiza OxyContin sokoni mwaka 1996. Ni dawa ya maumivu ya jamii ya afyuni, iliyo kundi moja na morfini na heroini. Goldin aliandikiwa akiwa Berlin mwaka 2014, baada ya kupasuliwa mkono. Kwa maelezo yake mwenyewe, alianza na vidonge vitatu kwa siku kama alivyoagizwa, akafika 18. Alipochomoka kwenye uraibu akasoma habari za wamiliki wa kampuni ile, akakuta ni jina alilolizoea kwenye kuta za makumbusho. Akaanzisha kikundi kidogo cha kuuandama ukoo huo, P.A.I.N.

Kujilaza kama maiti hakukuwa uvumbuzi wake. Wanaharakati wa ACT UP, kikundi cha kudai matibabu ya UKIMWI, walikuwa wakifanya hivyo New York enzi UKIMWI ulipokuwa ukiwamaliza marafiki zake na serikali imekaa kimya. Jipya lilikuwa shabaha. Vidonge havikuwa na jina la Sackler, wala kampuni haikuitwa hivyo. Jina lilikuwa limewekwa akiba kwingine: makumbusho ya Metropolitan, Louvre ya Paris na Tate ya London, na vyuo vikuu. Goldin aliufuata ukoo ule kwenye akiba yake, na hapo naona alipiga penyewe.

Februari 2019 zamu ikawa ya Guggenheim, makumbusho mengine ya New York. Hati za mahakama za jimbo la Massachusetts zilikuwa zimefichua kwamba Richard Sackler, mwanaukoo aliyekuwa mmoja wa wakuu wa Purdue, kwenye sherehe ya kuizindua dawa, alitabiri dhoruba ya theluji ya vyeti vya dawa itakayowafukia washindani. Basi wanaharakati wakapanda ghorofa za juu za Guggenheim, jengo lenye njia inayozunguka kama konokono, wakamwaga maelfu ya karatasi zilizochapwa kama vyeti vya daktari. Zikashuka zikipeperuka hadi ukumbi wa chini. Utabiri wa mwenyewe, umerudishwa kwake.

Mwezi uliofuata National Portrait Gallery ya London iliachana na msaada wa pauni milioni 1 kutoka mfuko wa Sackler; Goldin alikuwa amesema hataonyesha kazi zake pale wakiupokea msaada huo. Tate ikafuata. Louvre ililiondoa jina Julai 2019, Metropolitan Desemba 2021, British Museum 2022.

Hapa pana jambo linalonikera kidogo. Wazazi waliozika watoto wao walikuwa wakiipigia kelele Purdue miaka mingi kabla ya Goldin, na wakuu wa makumbusho hawakuona kwamba linawahusu. Walimsikiliza mtu wanayemhitaji. Si kosa lake. Bora aliye na nguvu azitumie kuliko azikalie. Ila anayeichukua kampeni hii kama kielelezo cha kuiga ajue kwamba mlango ulifunguliwa na mtu wa ndani.

Wanaomkosoa wana hoja nzito. Jengo lile la Metropolitan lilifunguliwa mwaka 1978, miaka 18 kabla ya OxyContin. Arthur Sackler, kaka mkubwa kati ya ndugu watatu walioinunua kampuni, alifariki mwaka 1987, na warithi wake wakawauzia ndugu zake hisa zake. Kwa sababu hiyo Chuo Kikuu cha Harvard kilikataa mwaka 2024 kulifuta jina lake. Tena, tukianza kuchunguza jasho na damu ya kila tajiri aliyefadhili sanaa, makumbusho mangapi yatabaki na paa? Hoja ya Arthur naikubali nusu: hakuuza dawa hii, lakini ndiye aliyewafundisha wenye viwanda kumtangazia daktari dawa kama bidhaa nyingine yoyote.

Utetezi wa kampuni nao si wa kupuuzwa moja kwa moja. Dawa iliidhinishwa na FDA, mamlaka ya dawa ya Marekani, tena kwa maelezo yaliyosema kwamba kufyonzwa taratibu mwilini kunaaminika kupunguza hatari ya kutumiwa vibaya. Walioandika vyeti walikuwa madaktari. Na vifo vingi vya miaka ya karibuni vimetokana na fentanili ya magendo, dawa kali zaidi ya jamii hiyo hiyo. Yote kweli, lakini Purdue imekiri makosa ya jinai mara mbili, 2007 na 2020, na mkosaji wa bahati mbaya hafiki mara ya pili. Fentanili nayo ilikuta soko ambalo vidonge vilishalitayarisha.

Hoja ninayoiona nzito kuliko zote hutolewa na wagonjwa. Marekani ilipobana dawa hizi, waliozitumia kihalali kwa miaka walipunguziwa ghafla, wengine wakaachwa na maumivu yao. Huku kwetu tatizo limegeuka: mgonjwa wa saratani mara nyingi hana chochote. Uganda ilionyesha njia kwa morfini ya maji, ya bei nafuu, iliyoanza kutolewa na Hospice Africa Uganda miaka ya 1990. Kosa la Purdue halikuwa kutengeneza dawa ya maumivu. Lilikuwa kuisukuma huku ikidai kwamba hatari yake ni ndogo. Kauli ya maandamano haina nafasi ya kueleza tofauti hiyo, na mwenye maumivu ndiye anayelipia ufupi wake.

Tuje kwenye fedha. Kati ya 2008 na 2017 zaidi ya dola bilioni 10 zilitoka Purdue kwenda kwa ukoo, sehemu kubwa ikiishia kwenye kodi. Kampuni ikaomba kufilisika mwaka 2019. Juni 2024 Mahakama ya Juu ya Marekani, kwa kura 5 dhidi ya 4, ilibatilisha mpango ambao ungewapa Sackler kinga dhidi ya kesi za madai kwa malipo ya takriban dola bilioni 6, ingawa waathiriwa wengi waliopiga kura waliukubali ili walau wapate chochote. Mpango mpya, wa dola bilioni 7.4, uliidhinishwa 2025. Utalipwa kwa awamu, kwa miaka.

Katika majadiliano ya malipo ya mwaka 2022 kulikuwamo kipengele kwamba ukoo hautazipinga taasisi za Marekani zikitaka kulifuta jina lake. Jina lilikuwa limegeuka kitu cha kupatania bei mezani, na hiyo ni kazi ya Goldin. Mashtaka ya jinai dhidi ya mwanaukoo yeyote kuhusu OxyContin hayajafunguliwa hata moja.