Mnyororo wa mlangoni si hati ya mashtaka

Ukiingia Mji wa Kale wa Mombasa kwa Ndia Kuu kutoka upande wa Fort Jesus, hutembei sana kabla hujaukuta umati mdogo mbele ya mlango wa mtu. Kijana mwenye kitambulisho shingoni amenyoosha kidole na anatoa somo. Samaki ni uzazi. Mtende ni neema. Ubani ni utajiri. Yungiyungi ni kuzaliwa upya. Na huu mnyororo uliochongwa kuzunguka miimo, anasema kwa sauti ya chini kidogo, maana yake ni kwamba mwenye nyumba alikuwa akiuza watumwa. Picha zinapigwa, umati unasogea mlango wa pili. Ndani ya nyumba hiyo kuna watu wanaoishi, na wameshayasikia maneno hayo mara nyingi hadi hawainui tena vichwa.

Ubishi juu ya somo hili si wa leo. Upande mmoja wako waongoza watalii, vijitabu vya hoteli na wapenzi wengi wa sanaa za pwani, wanaoamini kwamba mlango wa nakshi ni kitabu na kila umbo ni herufi. Upande wa pili wako mafundi, wenye nyumba na watafiti kadhaa wa sanaa ya mwambao, wanaosema nakshi nyingi ni nakshi tu. Upande huu wa pili una bahati mbaya: jibu lake ni fupi na halivutii, kwa hiyo huchukuliwa kuwa ni ujinga. "Hata wenyewe hawajui maana ya milango yao," utasikia. Kauli hiyo ndiyo iliyonisukuma kuandika.

Hata hivyo waongoza watalii wana hoja, tena nzito. Mombasa ni mji wa mafumbo tangu hapo. Muyaka bin Haji, aliyeishi hapa enzi watawala wa Kimazrui wakivutana na Seyyid Said, sultani wa Omani na Zanzibar, hadi walipoangushwa mwaka 1837, alitunga beti ambazo mgeni angedhani ni mzaha, huku mji mzima ukijua nani amechomwa. Kanga inayouzwa Biashara Street ina jina lake, na jirani akiivaa siku fulani, mwenye kuelewa ameelewa. Watu waliozoea kusema kwa kitambaa na kwa shairi, kwa nini wasiseme kwa mbao? Tena mlango ndio ulikuwa uso wa nyumba. Nyumba nyingi za zamani kwa nje zilikuwa kuta nyeupe tu; fahari kubwa ikawekwa mlangoni, na mtu haweki fahari yake mahali bila kutaka isomwe.

Kuna na hoja ya tumbo. Kijana yule anajilipia kodi kwa hadithi ile. Na hadithi hizi zimeiokoa milango kadhaa: mtu aliyekuwa akiuona mlango wa babu yake kama mbao kuukuu zenye mchwa, alipoona wageni wanasimama kuupiga picha, aliacha kumwita mnunuzi. Hilo si jambo la kubezwa, kwa sababu milango mingi imeshang'olewa na kwenda kupamba mahoteli na majumba ya watu wasioijua Mombasa.

Sasa tumsikilize fundi.

Nilimkuta mmoja akichora ua kwenye ubao wa mfaa, ile mbao ya katikati inayofunika mahali mbao mbili za mlango zinapokutana. Nikamuuliza, "Ami, hili ua lina maana gani?" Hakuinua macho. "Wataka maana, mwanangu, ama wataka mlango?"

Nilidhani ananifukuza, kumbe anajibu. Aliifungua bikari yake, akazungusha duara. Kisha bila kubadilisha upana wa bikari, akaitembeza juu ya mstari wa duara lile lile, na ikapiga hatua sita kamili, ikarudi ilipoanzia. Kila hatua akaipitishia tao. Ua la petali sita likajitokeza lenyewe, halikuhitaji kukisiwa wala kunakiliwa mahali. Akachukua patasi na nyundo ya mti, akaanza kuchimba sehemu zinazobaki chini. Ua lile utalikuta Lamu, Zanzibar, Bara Hindi, Ulaya, popote pale mtu aliposhika bikari. Anayeuliza lilitoka Misri ya mafirauni au Ashuri anauliza swali zuri, lakini jibu la karibu zaidi liko mkononi mwa fundi. Umbo linaweza kuzaliwa na chombo cha kazi.

Hizo maana zenyewe zilianza kuandikwa lini? Mwaka 1924 Mwingereza F. R. Barton alichapisha makala mafupi juu ya milango ya Zanzibar katika jarida la Man, na tangu enzi hizo maandishi ya wageni yamekuwa yakiitafutia milango yetu asili ya mbali na kuipa kila nakshi tafsiri yake. Mimi sisemi kila kilichoandikwa na mgeni ni uongo. Ninachosema ni kwamba maelezo tunayoambiwa ni siri ya wazee wetu yalipita kwanza kwenye majarida ya London, kisha yakaturudia kama urithi. Misumari mikubwa ya shaba nayo, tunaambiwa, ni kinga dhidi ya ndovu wa vita, kama inavyosimuliwa kuhusu milango ya Bara Hindi. Ndovu gani angepita kwenye vichochoro ambavyo mkokoteni wa maji hupita kwa kuomba radhi?

Mtazame samaki, anayesemwa kuwa ni alama ya mungu wa kike wa uzazi. Juu ya milango mingi ya Waislamu mjini humu pamechongwa maneno ya Kurani au jina la Mungu, wakati mwingine na mwaka wa Hijria. Sanaa ya Kiislamu ya mwambao, nyumbani na msikitini, kwa kawaida imekwepa sura za viumbe wenye roho, ndiyo maana majani, maua na mistari vikatawala. Mtu aliyesimamia aya iandikwe juu ya kizingiti, je, ndiye huyohuyo aliyeagiza chini ya miimo pawekwe samaki wa mungu wa kike wa zamani? Wapo watakaosema ishara huweza kumbebesha mtu maana asiyoijua, ikasafiri karne nyingi ndani ya mazoea. Inawezekana. Lakini ishara isiyojulikana na aliyeichonga, wala aliyeilipia, wala aliyepita mbele yake akienda sokoni, ilikuwa ikimwambia nani?

Hapo ndipo mfano wa Muyaka unapowageukia waongoza watalii wenyewe. Fumbo la Muyaka lilikuwa na msemaji, lilikuwa na mlengwa, na lilikuwa na mji uliojua ugomvi unahusu nini. Vivyo hivyo kanga: yuko aliyeivaa, yuko aliyekusudiwa, na maneno yameandikwa. Viondoe hivyo na utabaki na ubeti kuhusu chakula au chombo cha baharini. Mlango hauna ugomvi wa namna hiyo.

Sisemi milango ni bubu. Ukubwa wake unasema. Unene wa mbao unasema, maana mti mgumu uliletwa kwa gharama. Aya inasema, na inasema waziwazi. Baraza ya mawe iliyo kando ya mlango inasema zaidi ya nakshi zote: hapa mgeni wa kiume ataketi, ataletewa kahawa, na hatavuka kizingiti mpaka aitwe. Watoto wa Mji wa Kale hujifunza lugha hiyo kabla ya kujua kusoma. Hakuna mwongozo hata mmoja nilioukuta unaowaeleza wageni habari ya baraza kwa kirefu, labda kwa kuwa haina samaki.

Yungiyungi pia halina maana moja. Mombasa si mji wa watu wa aina moja. Nyumba nyingi za Mji wa Kale zilijengwa au kukaliwa na wafanyabiashara kutoka Gujarati na Kachi, baadhi Waislamu, baadhi Wahindu. Katika nyumba ya Mhindu ua hilo ni kiti cha Lakshmi, mungu wa kike wa neema, na juu ya mlango huenda akawepo Ganesha, mungu mwenye kichwa cha ndovu. Hapo ishara ipo, ni hai, na mwenye nyumba atakueleza bila kuhitaji kijitabu. Nyumba ya tatu kutoka hapo, ua lilelile huenda limechongwa na fundi yuleyule kwa sababu jirani alilipenda. Ua halikubadilika. Kilichobadilika ni nyumba. Anayesoma mlango bila kuuliza nyumba ilikuwa ya nani anasoma bahasha na kuacha barua.

Nimeahirisha mnyororo makusudi, kwa kuwa ndio unaoniuma.

Nyumba nyingi zilizosimama leo Mji wa Kale ni za miongo ya mwisho ya karne ya 19 na ya mwanzo ya karne ya 20, wakati bandari na reli iliyoanza kujengwa mwaka 1896 vilipoleta fedha mpya. Sultani Barghash wa Zanzibar alitia saini mkataba wa kupiga marufuku kusafirisha watumwa baharini mwaka 1873, sawa na 1290 Hijria. Hali ya utumwa ilifutwa kisheria katika pwani hii mwaka 1907, yaani 1325. Najua magendo yaliendelea baada ya 1873, na najua mashamba ya pwani yaliendelea kulimwa na watu wasio huru hadi sheria ile, na hata baada yake. Lakini mtu aliyejenga nyumba wakati manowari za Waingereza zinapekua majahazi, achonge mlangoni kwake tangazo la biashara iliyokatazwa? Na kama mnyororo ulikuwa alama ya wauza watumwa, mbona unazunguka fremu za milango mingi hivyo? Ni ukingo. Kila fundi wa nakshi duniani anahitaji ukingo unaojirudia wa kufunga kazi yake, na umbo linalopishana kama kamba iliyosokotwa ni miongoni mwa kingo rahisi kuchonga zisizochosha jicho.

Waongoza watalii watanijibu, na wana haki: afadhali hadithi hiyo kuliko kimya. Utumwa ulikuwepo Mombasa, familia zilizotajirika nao zipo, na mji huu haupendi kulizungumza. Kijana anayeutaja mnyororo mbele ya wageni angalau amelitaja. Hoja hii siipuuzi. Ni hoja bora kuliko zote walizo nazo, na kwa muda ilinifanya nisite.

Lakini angalia inavyofanya kazi. Vuka daraja la Nyali ufike njia panda ya Kengeleni, Kisauni. Pale ipo kengele ya Frere Town, makazi yaliyoanzishwa na wamisionari mwaka 1875 kwa ajili ya watu waliookolewa kwenye majahazi ya watumwa, yakapewa jina la Mwingereza Bartle Frere, ambaye mwaka 1873 alikwenda Zanzibar kumshinikiza Barghash akubali mkataba ule. Husimuliwa kwamba kengele ilipigwa kuwaonya wakazi wawinda watumwa wanapokaribia. Wajukuu wa wajukuu wa watu wale wapo, wana majina, wana makaburi na kanisa. Mtaa mzima umeitwa kwa kengele hiyo, na matatu zinapiga kelele za "Kengeleni! Kengeleni!" kutwa. Hapo ishara ya utumwa haihitaji kukisiwa. Mgeni anayeoneshwa ukingo wa mlango na kuambiwa ndio utumwa wa Mombasa ameridhika, amepiga picha, na hana haja ya kuvuka daraja. Waliotendwa hawamo kabisa katika somo lake. Yumo mtendaji asiye na jina, na mtuhumiwa ni nyumba ambayo huenda ilijengwa na muuza nguo.

Kuna madhara mengine, ya kimyakimya, ambayo sikuyafikiria mpaka fundi yule aliponieleza. Wateja wake wakubwa siku hizi ni wenye majumba na mahoteli ya Nyali na Diani. Wanakuja na orodha: tunataka samaki, tunataka ua, tunataka mtende, kwa maana ya baraka. Sawa, kama mteja ameagiza samaki akiamini ni baraka, basi kwenye mlango huo samaki ni baraka kweli, na sina ubishi. Maana mpya nayo ni maana, ikiwa na mwenyewe. Lakini orodha hiyohiyo ina sharti: mnyororo, hapana. Hawataki nyumba yao iitwe ya muuza watumwa. Kwa hiyo ukingo ambao mafundi wa mwambao waliuchonga kizazi baada ya kizazi, vijana wanaojifunza leo kwake hawaagizwi kuuchonga, na mkono usioagizwa husahau.

"Weye waufanyaje ukingo sasa, ami?"

"Naweka mawimbi," akasema, akipuliza vumbi la mbao. "Mawimbi bado hayajashitakiwa."