Pazia la bahari mbele ya Thwaites: hoja za wanaolitaka na wanaolikataa

Mto wa barafu wa Thwaites hauyeyushwi na jua. Uko Antaktika Magharibi, kwenye pwani ya Bahari ya Amundsen, ambako hewa ni ya baridi kali karibu mwaka mzima, na ukiutazama kwa juu hutaona dalili kubwa ya hatari. Balaa lake liko chini. Maji ya kina yanayolizunguka bara hilo yana joto la kama nyuzi 1 juu ya sifuri. Kwa mvuvi wa Pemba hayo ni maji ya kuua kwa baridi, lakini maji ya bahari huganda yakifika karibu nyuzi 2 chini ya sifuri, na kadiri unavyoshuka penye mgandamizo, ndivyo barafu inavyoyeyuka kwenye baridi kubwa zaidi. Kwa barafu, basi, maji hayo ni ya moto. Yana chumvi nyingi, hivyo ni mazito, na hutambaa kwenye sakafu ya bahari yakifuata mifereji iliyochongwa na barafu ya zamani, mpaka yaufikie mto huo tumboni.

Kutokana na hali hiyo limezaliwa wazo ambalo limewagawa wataalamu wa barafu: kusimamisha pazia chini ya bahari ili maji hayo yasipite.

Kwanza ukubwa wa jambo lenyewe. Thwaites una upana wa kama kilomita 120, na eneo lake, takriban kilomita za mraba 192,000, linakaribia nchi kavu yote ya Uganda. Barafu yake yote ikiingia baharini, usawa wa bahari duniani utapanda kwa wastani wa sentimita 65. Tayari unachangia kama asilimia 4 ya kupanda kwa bahari kunakopimwa sasa. Sehemu yake inayoelea haiongezi kitu ikiyeyuka, kama vile barafu ndani ya glasi isivyomwaga maji. Kinachoongeza ni ile iliyokaa juu ya mwamba, ambayo bamba linaloelea mbele yake huizuia isiteleze. Na hapa pana kasoro ya maumbile: mwamba ulio chini ya Thwaites uko chini ya usawa wa bahari, na huzidi kushuka kuelekea ndani ya bara, mfano wa bakuli. Barafu ikirudi nyuma inajikuta penye kina kikubwa zaidi, ukuta wake unakuwa mnene zaidi, na unamimina barafu nyingi zaidi. Mtaalamu wa barafu John Mercer alionya juu ya Antaktika Magharibi tangu 1978.

Pendekezo la pazia limesukumwa zaidi na John Moore wa Chuo Kikuu cha Lapland, Finland, na Michael Wolovick. Katika makadirio waliyochapisha 2023 pamoja na Bowie Keefer, pazia lenye urefu wa kilomita 80 lingetiwa nanga kwenye mashapo, kina cha mita 600. Halifiki juu ya maji. Misingi yake ni mizito, ukingo wake wa juu unaelea, na kitambaa kinasimama kama mwani uliojishika kwenye jiwe, kwa kuwa kinachotakiwa kuzuiwa ni lile tabaka la chini tu. Siwa barafu, yaani kilima cha barafu kinachoelea, likipita na kuligusa, pazia linatakiwa lilale kisha lisimame tena. Gharama: dola bilioni 40 hadi 80 kulijenga, na bilioni 1 hadi 2 kila mwaka kulitunza.

Hoja yao yenye uzito si ya uhandisi, ni ya wakati. Mwaka 2023 Kaitlin Naughten na wenzake walionyesha kwa modeli ya kompyuta kwamba Bahari ya Amundsen itaendelea kupata joto karne hii kwa kasi ya kama mara tatu ya karne iliyopita, na tofauti kati ya dunia inayopunguza hewa ukaa kwa bidii na ile inayopunguza kiasi ni ndogo mno. Tukipunguza leo tunaokoa mengi: Greenland, matumbawe, mvua zetu, na sehemu kubwa ya Antaktika Mashariki. Lakini kwa mto huu mmoja huenda dawa hiyo imechelewa. Anayesema "punguzeni hewa ukaa, basi" ana wajibu wa kujibu matokeo hayo, na wengi wa wapinzani wa pazia wanayapita haraka mno.

Hata hivyo wapinzani nao wana ushahidi. Mwaka 2019 timu ya Özgür Gürses ilijaribu kwenye kompyuta kujenga ukuta mbele ya Bahari ya Amundsen. Barafu ya nyuma ya ukuta ilipata nafuu, ila maji ya moto yaliyozuiwa yalikwenda kwa majirani na kuongeza kuyeyuka huko. Ni sawa na kuziba mtaro wa mvua mbele ya nyumba yako: maji hayatoweki, yanaingia kwa jirani. Mwaka 2025 Martin Siegert na kundi kubwa la wataalamu walipima mapendekezo matano ya kuingilia mazingira ya ncha za dunia, mapazia yakiwemo. Hawakuona hata moja linalotekelezeka kwa usalama na kwa wakati. Maji ya kina hubeba pia madini ya chuma yanayolisha viumbe vidogo vya bahari hiyo, ambavyo ndio mwanzo wa mlo wa viumbe wakubwa.

Halafu kuna kufika. Mwaka 2002 siwa barafu liitwalo B-22 lilimeguka kutoka Thwaites, na kipande chake kikubwa kikakwama kwenye sakafu ya bahari kwa takriban miaka 20 kabla ya kung'oka 2022. Kitu kinachoweza kukaa mahali miaka 20 kikisugua tope hakilazi pazia tu, kinaling'oa. Na mapema 2022 hiyohiyo, meli ya utafiti ya Marekani Nathaniel B. Palmer, iliyoundwa kuvunja barafu, ilishindwa kuufikia mto huo kwa sababu ya barafu ya baharini, ikabidi iende kufanya kazi kwa jirani, kwenye bamba la Dotson. Sasa fikiria msafara wa meli za ujenzi, miaka mfululizo, zenye majira ya kazi ya wiki chache tu za kiangazi cha kusini.

Kwangu, kilichoonekana chini ya barafu yenyewe ndicho kinachoamua zaidi. Katika msimu wa 2019 hadi 2020, mradi wa pamoja wa Uingereza na Marekani ulitoboa bamba la Thwaites kwa maji ya moto, kina cha kama mita 600, karibu na mstari ambapo barafu inaacha kugusa ardhi na kuanza kuelea. Tundu la namna hiyo huanza kuganda mara tu maji ya moto yanapositishwa, kwa hiyo kazi yote inakimbizana na saa. Wakashusha Icefin, roboti yenye umbo la kalamu, urefu wa mita 3 na ushei, ikaogelea hadi kwenye mstari huo. Pale dari la barafu lilipokuwa tambarare, kuyeyuka kulikuwa kwa mita 2 hadi 5 kwa mwaka, pungufu ya modeli nyingi zilivyotabiri, kwa sababu tabaka la maji baridi yasiyo na chumvi nyingi lilikuwa limejibandika chini ya barafu kama blanketi. Lakini dari lote si tambarare. Lina ngazi na nyufa, na kwenye kuta zake zilizosimama maji ya chumvi yanaigusa barafu moja kwa moja. Humo ilikuwa ikiliwa zaidi ya mita 30 kwa mwaka.

Tafsiri yake si nyepesi. Mto huu umerudi nyuma kama kilomita 14 tangu mwishoni mwa miaka ya 1990 huku sehemu kubwa ya tumbo lake ikiyeyuka polepole. Kama joto dogo kiasi hicho linatosha kuurudisha nyuma, basi pazia linalopunguza joto nusunusu, na kuacha maji yapenye pembeni, huenda lisinunue muda unaoandikwa kwenye bajeti yake. Kwa upande wa pili, matuta yaliyoachwa na barafu, yakapimwa kwenye sakafu ya bahari na kutangazwa 2022, yanaonyesha kuwa kuna wakati, ndani ya karne mbili zilizopita, ambapo mstari wa barafu kuacha ardhi ulirudi kwa kasi ya zaidi ya kilomita 2 kwa mwaka, kisha ukapunguza mwendo. Mto huu unajua kusimama ukipata tuta la kushikia. Wanaotaka pazia hawaoti ndoto za mchana.

Msimamo wangu: pazia lisijengwe, na fedha za kulijenga zisitengwe sasa. Kupima mifereji, mikondo na mashapo ya Bahari ya Amundsen kuendelee na kuongezwe, kwa sababu vipimo hivyo vinahitajika pazia liwepo lisiwepo. Ninachokipinga kwa nguvu ni uamuzi kufanywa bila sisi. Mkataba wa Antaktika wa 1959 huamua mambo kwa maafikiano ya wanachama wenye kura. Afrika Kusini ilitia saini tangu siku ya kwanza, lakini Kenya na Tanzania hazimo. Wakati huohuo barafu ya Antaktika Magharibi ikipungua, mvuto wake kwa maji unalegea: bahari hushuka karibu nayo na kupanda mbali, na Bahari ya Hindi ni miongoni mwa zinazopanda kuliko wastani.

Kwa anayejenga pwani leo, hesabu haiwezi kungoja mabishano haya. Jopo la kimataifa la tabianchi, IPCC, katika ripoti ya 2021, liliweka kupanda kwa kama sentimita 28 hadi 101 kufikia 2100 kutegemea hewa ukaa, na likasema karibu mita 2 haiwezi kufutwa kabisa iwapo kuta za barafu zitaanza kuporomoka zenyewe. Utafiti wa Mathieu Morlighem na wenzake wa 2024 unaona poromoko la aina hiyo Thwaites si rahisi karne hii, jambo linalotia moyo, ila halifuti kurudi nyuma kwa kawaida. Kituo cha samaki cha kudumu miaka 30 kipangwe kwa makadirio ya kati. Gati, mtambo wa umeme au mtaro mkuu wa mji, vitu vya miaka 100, vipangwe kwa ile mita 2, au vijengwe kwa namna ya kuinuliwa baadaye: msingi mpana leo, ukuta wa juu uongezwe kesho. Na kipimo kianzie kwenye bamvua, yaani maji makuu, si kwenye maji ya wastani. Unguja maji ya bamvua hupanda na kushuka karibu mita 4, hivyo nusu mita ya nyongeza haitaonekana siku za maji mafu. Itaonekana usiku wa bamvua wenye upepo wa kusi, ikiingia kwenye visima na mashamba ya mpunga ambayo chumvi haijawahi kuyafikia.