Eti kuvuja ni promo? Mwacheni Pawan Kalyan apumzike

Kuna hoja moja ikitolewa mbele yangu presha inapanda, na juzi imetolewa tena. Kijana anayetuwekea muvi kwenye flash hapa mtaani alikuwa akimpigia debe mteja muvi ya Kihindi ambayo hata huko India ilikuwa haijafika ukumbini. Nikamwambia, mdogo wangu, hii si imeibwa? Akacheka bila kuinua macho kwenye kompyuta. "Braza, hiyo ndiyo promo yenyewe. Ile ya Pawan Kalyan si ilivuja? Mbona ilivunja rekodi?" Wateja waliokuwa kwenye benchi wakatikisa vichwa kuafiki, kana kwamba amesoma aya.

Najua mtaniuliza mimi niliiona wapi. Niliiona kwa flash, imetafsiriwa, DJ anapiga kelele juu ya kila ngumi. Mlitaka nipande ndege hadi Vijayawada, India, nikate tiketi? Muvi za Telugu, lugha ya kusini mwa India, hutufikia hivyo wengi wetu, na hilo ni suala jingine lenye majibu yake marefu. Leo nasema na wanaodai kwamba kuibiwa kunaisaidia muvi, halafu ushahidi wao ukawa ni mmoja tu, uleule, Attarintiki Daredi ya 2013 ya stelingi Pawan Kalyan. Kwanza muvi yenyewe hawaijui ilivyopita kwenye tundu la sindano.

Tuanze kabla ya wizi. Mwongozaji Trivikram na Pawan walikuwa wanarudi pamoja tangu muvi yao ya Jalsa ya 2008, na kila mtu alikuwa anaisubiri. Ilikuwa itoke tarehe 7 Agosti 2013. Wiki moja na siku moja kabla, 30 Julai, Kamati Kuu ya Congress, chama tawala wakati huo, kule Delhi ikaidhinisha eneo la Telangana limegwe kutoka jimbo la Andhra Pradesh. Sehemu zilizobaki za Andhra, ukanda wa pwani na Rayalaseema, zikawaka. Maandamano, migomo, barabara kufungwa. Sasa muvi ya mapenzi na ngumi inahusikaje na mipaka ya jimbo? Inahusika kwa sababu kaka yake Pawan ni Chiranjeevi, na Chiranjeevi wakati huo alikuwa waziri wa utalii kwenye serikali hiyohiyo ya Congress. Mwandamanaji wa mji wa Guntur au Kakinada hawezi kumfikia waziri Delhi. Ukumbi wa sinema upo hapo mtaani, na picha ya mdogo wake waziri imebandikwa mlangoni.

Kwa hiyo familia nzima ikaadhibiwa. Yevadu ya Ram Charan, mtoto wa Chiranjeevi, iliyopangwa kutoka 31 Julai, ilikuja kuona mwanga 12 Januari 2014. Attarintiki Daredi ikasogezwa mpaka 9 Oktoba, ili ipate msimu wa Dasara, sikukuu ya Wahindu.

Hapa ndipo wapiga promo wetu wanaporuka ukurasa. Muvi kubwa iliyosubiriwa na mamilioni ikawa imekaa tu. Kazi iko kwenye kompyuta, iko kwenye diski, iko mikononi mwa watu ambao kazi yao imekwisha au inakaribia kwisha, na hakuna tarehe ya kuaminika. Ningekuwa na muvi kama hiyo nisingelala. Kila wiki inayoongezeka, kuna mtu mmoja zaidi anayejiuliza kama anaweza kuonja kidogo.

Na mtu huyo alikuwepo. Kwenye tarehe 22 Septemba hivi, dakika tisini za muvi zikatokea mtandaoni. Diski zikawa zinauzwa Pedana, mji mdogo wilaya ya Krishna, kwa rupia 50. Sote tulitegemea polisi wataibuka na genge, labda mhindi mmoja mwenye miwani myeusi yuko Dubai anavuta sigara, kama adui wa kwenye muvi zenyewe. Walichokipata kinaudhi zaidi. Kwa maelezo ya polisi, kopi ilitoka kwa msaidizi wa uzalishaji wa muvi hiyohiyo. Akampa rafiki yake. Rafiki ni askari polisi. Naye akampa mwenzake. Mkono kwa mkono, ikafika kwenye duka la video Pedana.

Askari polisi! Hebu tulieni hapo kidogo. Mimi naiona picha nzima: diski haina lebo, imeandikwa kwa kalamu au haijaandikwa kabisa, na maneno yaleyale ambayo kila mmoja wetu ameshayasema au kuambiwa: angalia ukimaliza nirudishie, usimpe mtu. Hakuna aliyekaa akapanga kumfilisi mtayarishaji. Kila mmoja alikuwa anamfurahisha mshikaji wake. Mpaka ilipomfikia mtu mwenye mashine ya kunakili na kodi ya fremu ya kulipa, na hapo urafiki ukawa biashara.

Ndiyo maana watu wanaposema "maharamia" kana kwamba ni kabila linaloishi mbali, nachoka. Mwizi wa muvi hii alikuwa na kitambulisho cha kazi.

Sasa, twende kwenye "mbona ilivunja rekodi". Ni kweli ilivunja. Iliipita Magadheera, muvi iliyokuwa inashikilia rekodi, ikawa ndiyo muvi ya Telugu iliyoingiza pesa nyingi kuliko zote mpaka Baahubali ilipokuja 2015. Sibishi. Ninachobisha ni hiyo "kwa sababu".

Hesabuni kilichovuja. Dakika tisini ni nusu ya kwanza. Nusu ya kwanza ni nini? Gautham Nanda, mjukuu wa tajiri wa Milan, anakwenda Hyderabad kujifanya dereva anaitwa Siddhu kwenye nyumba ya shangazi yake, ili amrudishe kwa baba yake mzee aliyemfukuza kwa kuolewa na asiyetakiwa. Kuna ngumi, kuna warembo Samantha na Pranitha, kuna vichekesho mpaka mbavu ziume. Tamu, sikatai. Ila moyo wa muvi hauko huko. Moyo uko kwenye kituo cha treni, mwishoni kabisa, Pawan na mikogo yake yote amesimama mbele ya Nadhiya, anayeigiza shangazi, na mikogo imemwisha. Anamwambia shangazi kwamba siku ile wewe ulimwona baba aliyempiga risasi mumeo, mimi nilimwona mzee aliyevunjika kwa kumpoteza binti yake mpaka akataka kujimaliza kwa bunduki ileile, na mama yangu ndiye aliyekufa kwa bahati mbaya. Miaka yote hiyo shangazi amebeba kinyongo chake, hajui kwamba mtoto huyu alikuwa na msiba mkubwa kuliko wake na bado ndiye aliyekuja kumbembeleza. Wazee wazima wanalia. DJ wetu mwenyewe alinyamaza pale, na yule hajawahi kunyamazia kitu.

Mwizi hakuwa na hiyo. Aliyenunua diski ya rupia 50 aliachiwa njiani, babu yuko Milan anasubiri. Angefanya nini zaidi ya kwenda ukumbini? Kwa hiyo ndiyo, kwa bahati tupu, kilichoibwa kilifanya kazi ya kuwatamanisha watu. Kama yule msaidizi angekuwa na nusu ya pili mfukoni, leo tusingekuwa na hoja ya promo. Tungekuwa na mtayarishaji mmoja aliyeuza nyumba.

Maana msifikiri hasara ya kuvuja inamwangukia Pawan. Muvi za Telugu huuzwa kwa wasambazaji, eneo kwa eneo, kabla hazijatoka. Kuna anayenunua eneo linaloitwa Nizam, kuna anayenunua Ceded, kuna wa Guntur, wa Krishna, wa Nellore, wa Godavari zote mbili, wa nje ya nchi. Wengine ni matajiri, lakini wengi ni watu wa wilayani wanaokopa kwa riba ili wapate haki ya kuonyesha muvi ya stelingi kwenye wilaya yao moja tu. Wana wiki mbili, tatu, za kurudisha pesa. Siku ya kwanza na wikiendi ya kwanza ndiyo roho ya biashara yote. Huyo ndiye anayeamka asubuhi akaambiwa kwamba alichokikopea pesa kinauzwa Pedana kwa bei ya chai na vitafunwa. Pawan atapata muvi nyingine. Samantha atapata muvi nyingine. Fundi taa ameshalipwa, au ameshadhulumiwa, vyovyote vile. Msambazaji wa Krishna deni lake linamsubiri nyumbani, na hakuna shabiki anayejua jina lake. Huyu mnamwambia amshukuru mwizi kwa promo?

Na kilichowaokoa ni kazi, si mwizi. Mtayarishaji B. V. S. N. Prasad na wenzake waliiondoa muvi kwenye sikukuu waliyoipigania wiki zote zile, wakaivuta mpaka Ijumaa ya tarehe 27 Septemba. Siku chache tu baada ya kuvuja! Ijumaa ya kawaida, watoto wako shule, fujo za Telangana hazijaisha. Fikiria kupanga kumbi za jimbo zima kwa siku hizo. Enzi za mikebe ya filamu isingewezekana. Kopi zingekuwa bado ziko maabara. Teknolojia ileile iliyomwezesha mtu kutoka na dakika tisini mfukoni ndiyo iliyowezesha muvi kufika kila mahali haraka. Mashabiki nao wakageuka walinzi, wakawa wanasaka viungo mtandaoni na kuviripoti, na wakaenda ukumbini kwa hasira, kama watu wanaolipiza kisasi kwa kukata tiketi. Jeshi la namna hiyo Pawan analo. Wangapi wengine wanalo?

Kuna mjuaji ataniambia Ramayya Vasthavayya ya Junior NTR ilitoka 11 Oktoba, msimu mzuri wa sikukuu, Samantha huyohuyo ndani yake, na ikaanguka, kwa hiyo eti sikukuu si kitu, promo ni kuvuja. Ilianguka kwa sababu haikuwa nzuri. Tusichoshane.

Kuna mjuaji wa pili, huyu namheshimu kidogo, atanitajia Taxiwaala ya 2018. Hiyo ilivuja ndefu, ilivuja mapema, na ikafanya vizuri. Sawa. Nakubali, kwa shingo upande. Lakini iliyovuja haikuwa imekamilika, na Vijay Deverakonda alikuwa ametoka tu kuitikisa nchi na Geetha Govindam mwezi Agosti. Geetha Govindam nayo vipande vyake vilivuja kabla ya siku, kwa taarifa yenu. Mnaona mnachokifanya? Mnanitajia waliopona. Kila mara mnanitajia waliopona. Muvi ya kijana asiyejulikana, iliyovuja nzima, ikatoka ukumbini siku mbili ikaondolewa, hamuijui jina, na ndiyo maana hamwezi kunitajia.

Na tusiende mbali mpaka Andhra. Mwaka 2017 wasanii wa Bongo Movi waliingia barabarani Kariakoo wakilalamikia muvi za nje zinazouzwa kiholela bila stempu ya TRA. Mnakumbuka mlivyowacheka? Eti tengenezeni muvi nzuri kwanza. Mlikuwa na haki ya kuwaambia hadithi zao zinafanana. Hata mimi nilikuwa nimeshachoka na mizimu na mama mkwe. Lakini mtu anayeuza diski yake elfu kadhaa, pembeni yake kuna diski moja yenye muvi kumi za Kihindi kwa bei hiyohiyo, unamwambia ashindane kwa ubora? Ashindane vipi na kitu ambacho muuzaji wake hakukilipia hata senti?

Kitu kimoja huwa kinanichekesha. Pawan aliyeibiwa kule 2013, mwaka uliofuata alianzisha chama chake, Jana Sena, na tangu Juni 2024 ni Naibu Waziri Kiongozi wa Andhra Pradesh. Pedana iko ndani ya Andhra Pradesh hiyohiyo. Sijui mwenye duka lile, kama bado lipo, akipita kwenye bango la serikali anatazama upande gani.

Basi mimi nawaachia kazi, maana sehemu ya maoni iko wazi na mna bando. Nitajieni muvi moja, ya nchi yoyote, isiyo na stelingi mkubwa, isiyo na jeshi la mashabiki, iliyovuja nzima kuanzia jina la kwanza mpaka la mwisho kabla ya kutoka, na aliyeinunua kwa mkopo akapata pesa yake. Taxiwaala nimeshaiondoa. Muvi mliyoambiwa na DJ kwamba ilivuja haihesabiki.