Kura za Kanda, Seneti ya Taifa: Namna Tunavyousoma Vibaya Ushindi wa Mindanao

Mara tu baada ya uchaguzi wa Ufilipino wa tarehe 12 Mei 2025, ramani ya matokeo ya Seneti ilianza kusambaa ikiwa imepakwa rangi kanda kwa kanda: Mindanao, kusini, kwa wagombea wa rais wa zamani Rodrigo Duterte, Metro Manila na Bikol kwa wapinzani wa mrengo wa kiliberali, Ilocos, kaskazini, kwa ukoo wa Rais Marcos. Ramani hiyo imezaa mahitimisho mawili ambayo yamekuwa yakirudiwa tangu wakati huo. La kwanza ni kwamba Wafilipino walipiga kura kwa kufuata asili zao, na hasa kwamba watu wa Mindanao walimlipia kisasi mwana wao aliyekamatwa tarehe 11 Machi na kupelekwa The Hague mbele ya Mahakama ya Kimataifa ya Jinai. La pili, ambalo ndilo zito zaidi, ni kwamba kama kila kanda ina watu wake, basi kila kanda ipewe maseneta wake, badala ya utaratibu wa sasa ambao nchi nzima ni jimbo moja. Utaratibu huo wa sasa una watetezi wachache, na wengi wanaoupinga hawajatazama kwa makini kile ulichokifanya mwaka 2025.

Kila baada ya miaka mitatu huchaguliwa maseneta 12 kati ya 24. Mpiga kura anaruhusiwa kuchagua majina yasiyozidi 12, kura zote za nchi zinajumlishwa pamoja, na wanaoshika nafasi 12 za juu ndio wanaoingia. Kanda haina kiti; matokeo ya kanda yanatangazwa na kuchambuliwa, lakini kisheria hayampi mtu chochote.

Sasa tutazame hesabu ambayo ramani inaificha. Bong Go, msaidizi wa Duterte wa miaka mingi kutoka mji wa Davao, Mindanao, aliongoza nchi nzima kwa kura zaidi ya milioni 27. Mindanao yote, pamoja na Bangsamoro, eneo la Waislamu lenye mamlaka ya ndani, ina wapiga kura walioandikishwa wapatao milioni 16, yaani chini kidogo ya robo ya daftari la taifa. Kitaifa waliojitokeza walikuwa zaidi kidogo ya asilimia 80, kwa hiyo tukichukua kiwango hichohicho, waliopiga kura Mindanao ni kama milioni 13. Tufanye dhana isiyowezekana kabisa, kwamba kila mmoja wao, kuanzia Zamboanga hadi Surigao, Mwislamu na Mkristo, mfuasi na mpinzani, alimchagua Go. Hata hivyo zitabaki kura karibu milioni 14 alizozipata nje ya Mindanao. Seneta wa mwisho kuingia, Imee Marcos, aliyeshika nafasi ya 12, alipata nchi nzima kura kama milioni 13.3. Kwa maneno mengine, mtu anayeitwa mgombea wa Mindanao angeingia Seneti hata kama kisiwa chote hicho kingefutwa katika hesabu, na hapo tumeshaihesabia Mindanao kura nyingi kuliko ilizoweza kumpa.

Nimeirudia hesabu hii mara nyingi kwa sababu inageuza swali lenyewe. Anayesema kwamba ushindi wa Go, au wa Ronald dela Rosa aliyeshika nafasi ya tatu kwa kura karibu milioni 21, ni jambo la watu wa kusini na uaminifu wao, anawaondolea mamilioni ya wapiga kura wa Luzon na Visayas, sehemu nyingine mbili kuu za nchi, wajibu wa kuulizwa. Dela Rosa ndiye aliyekuwa mkuu wa polisi wakati vita vya Rais Duterte dhidi ya dawa za kulevya vilipoanza mwaka 2016. Serikali yenyewe imekiri kuwa watu zaidi ya 6,000 waliuawa katika operesheni za polisi, na watetezi wa haki za binadamu wanakadiria idadi iliyo kubwa mara kadhaa. Wengi wa waliouawa walikuwa wakazi wa mitaa ya kimaskini ya Metro Manila na mikoa inayoizunguka. Kwa nini jirani zao, katika kanda hizohizo, walimpigia kura mkuu huyo wa polisi? Hilo ni swali gumu na la maana, na halitajibiwa maadamu jibu jepesi la kanda linakubaliwa.

Kambi ya Duterte pia ina upande wa pili wa hesabu hiyo. Jimmy Bondoc na Phillip Salvador, ambao waligombea katika orodha hiyohiyo na kubeba jina hilohilo la Duterte, walipata kila mmoja kura zaidi kidogo ya milioni 10 na wakabaki nje. Mhubiri Apollo Quiboloy, mtu wa Davao, hakufika hata milioni 6. Kama uaminifu wa kanda peke yake ungetosha, hawa nao wangeingia. Tofauti kati ya milioni 10 na milioni 27 ni kura ambazo mgombea alilazimika kuzitafuta mwenyewe mbali na nyumbani, na Go alizitafuta kwa miaka mingi kwa njia ya vituo vya kuwasaidia wagonjwa wasio na uwezo wa kulipia hospitali, vilivyoenea karibu nchi nzima. Mtu anaweza kutoupenda mtindo huo wa siasa, unaomfanya raia amshukuru seneta kwa kitu ambacho ni haki yake. Lakini hauwezi kuitwa siasa ya kanda.

Karatasi ya kura nayo ina ushahidi wake. Go wa kambi ya Duterte, Bam Aquino wa upinzani wa kiliberali aliyeshika nafasi ya pili kwa kura karibu milioni 21, na Erwin Tulfo aliyegombea katika muungano wa Rais Marcos, walipata kwa pamoja kura zipatazo milioni 65. Waliopiga kura walikuwa kama milioni 57. Kwa kuwa hakuna anayeweza kumchagua mtu mmoja mara mbili, hesabu inalazimisha kwamba watu karibu milioni 4, kwa kiwango cha chini kabisa, waliweka alama kwa wagombea wa kambi mbili au tatu zinazodaiwa kuchukiana hadi mwisho. Kanisa la Iglesia ni Cristo, lenye waumini katika kila pembe ya nchi na desturi ya kupiga kura kwa pamoja, liliwaunga mkono Go, Dela Rosa na Aquino kwa wakati mmoja. Ramani ya rangi moja kwa kila kanda haina namna ya kuwaonyesha watu hawa, kwa sababu inamtambua aliyeongoza tu, kana kwamba kila mtu alikuwa na kura moja.

Na kanda zenyewe hazina kuta kama tunavyozichora. Kicebuano kinazungumzwa Cebu na pia Davao, kwa kuwa familia nyingi za Mindanao zilihamia huko kutoka Visayas. Duterte mwenyewe alizaliwa Maasin, Leyte, na baba yake alitokea Danao, Cebu. Imee Marcos, dada wa Rais na binti wa Ilocos, alijitoa katika muungano wa kaka yake baada ya Duterte kukamatwa, akapata uungwaji mkono wa Makamu wa Rais Sara Duterte, na akaponea nafasi ya mwisho. Ilocos ina wapiga kura milioni tatu na ushei. Isingeweza kumfikisha peke yake.

Wanaotaka maseneta wa kanda hawasemi jambo jipya wala la ajabu. Sheria ya Jones ya mwaka 1916, iliyoianzisha Seneti chini ya utawala wa Marekani, iliigawa nchi katika wilaya 12 za useneta. 11 zilichagua wawili wawili, na wawili wa wilaya ya 12, iliyokusanya maeneo ya Waislamu na ya watu wa milimani, waliteuliwa na gavana mkuu. Jimbo moja la taifa lilikuja na marekebisho ya katiba ya mwaka 1940, na Katiba ya 1987 ikalirejesha. Mwaka 2018 kamati ya ushauri iliyoongozwa na Jaji Mkuu mstaafu Reynato Puno ilipendekeza, katika rasimu yake ya shirikisho, kila kanda ichague maseneta wawili. Hoja yao kuu haipingiki kirahisi. Kampeni ya nchi nzima ni ya gharama kubwa mno, hivyo wanaoshinda ni wenye fedha, wenye jina la ukoo, au wenye uso unaojulikana kutoka televisheni na sinema. Baada ya uchaguzi wa 2025 Seneti yenye watu 24 ina jozi nne za ndugu: Cayetano wawili, Villar wawili, Tulfo wawili, na Jinggoy Estrada pamoja na JV Ejercito. Hiyo ni theluthi moja ya chombo chote katika mikono ya familia nne.

Hoja yao nyingine inaniuma zaidi. Tangu Santanina Rasul wa Sulu amalize muda wake mwaka 1995, hakuna Mmoro wa kuzaliwa, yaani Mwislamu wa jamii za asili za kusini, aliyechaguliwa kuwa seneta. Robin Padilla, aliyeongoza uchaguzi wa 2022, ni Mwislamu, lakini ni mwigizaji aliyesilimu, si mtu wa jamii hizo. Bangsamoro yenye wapiga kura wapatao milioni mbili na ushei haiwezi, hata ikiungana yote, kukaribia milioni 13 zinazohitajika. Na Wamoro wanajua maana ya kumezwa ndani ya jumla: katika kura ya maoni ya Januari 2019, walio wengi Sulu walikataa kuingia katika Bangsamoro, lakini kwa kuwa mikoa ya zamani ya mamlaka ya ndani ilihesabiwa kama kitu kimoja, waliingizwa hata hivyo, mpaka Mahakama ya Juu ilipowatoa mnamo Septemba 2024. Asiyeona dhuluma hapo hajatazama.

Hata hivyo, dawa inayopendekezwa sioni kama inautibu ugonjwa huu. Tukumbuke Maguindanao ya mwaka 2007. Mkoa huo, uliokuwa chini ya gavana Andal Ampatuan mkubwa, ulitoa matokeo yaliyowapa wagombea wote 12 wa serikali ushindi, na kwa matokeo hayo Juan Miguel Zubiri akampita Aquilino Pimentel wa Tatu kwa kura kama 18,000 na kuchukua kiti cha 12. Ilichukua miaka minne ya shauri hadi Zubiri alipojiuzulu Agosti 2011 na Pimentel akatangazwa kuwa mshindi halali. Watetezi wa maseneta wa kanda huutumia mfano huu kusema kwamba jimbo moja la taifa linaruhusu wizi wa mkoa mmoja kuamua kiti cha nchi nzima. Ni kweli. Lakini wizi huo ulibainika na ukawa na maana kwa sababu kulikuwa na mtu wa mahali pengine, mwenye kura milioni 10 na zaidi nchi nzima, aliyekuwa na haki na nguvu ya kuudai ukweli. Kama kiti kile kingekuwa cha Maguindanao na jirani zake tu, nani angeshtaki? Novemba 2009, msafara uliokwenda kuwasilisha fomu za mpinzani wa ukoo wa Ampatuan katika kinyang'anyiro cha ugavana ulizuiwa njiani na watu 58 wakauawa, wengi wao wanahabari. Hayo yalikuwa mazingira ya kugombea ndani ya mkoa.

Kiti cha karibu na nyumbani tayari kipo Ufilipino, na kinajulikana kinavyofanya kazi. Ni kiti cha Baraza la Wawakilishi. Mwaka 2025 Sandro Marcos, mwana wa Rais, alipita bila kupingwa Ilocos Norte, Martin Romualdez, binamu wa Rais, bila kupingwa Leyte, na Paolo Duterte, mwana wa Rodrigo, alirudi kwa urahisi katika jimbo lake la Davao. Familia zilezile zinazolaumiwa kwa kuijaza Seneti zina ngome imara zaidi nyumbani kuliko kitaifa. Katika jumla ya taifa bondia Manny Pacquiao na mwigizaji Bong Revilla, wenye majina makubwa kuliko karibu kila mtu, waliangushwa, na Bam Aquino aliyeanguka mwaka 2019 alirudi kwa kuongeza kura karibu milioni saba. Kugeuka kwa namna hiyo ni nadra sana katika jimbo ambalo ukoo mmoja unashika umeya, ugavana na ubunge kwa pamoja.

Kifungu cha 26 cha Ibara ya Pili ya Katiba ya 1987 kinaagiza koo za kisiasa zipigwe marufuku kama itakavyofafanuliwa na sheria, na Bunge halijaitunga sheria hiyo kwa karibu miaka 40. Kuigawa Seneti kikanda kabla ya sheria hiyo kupita ni kuzikabidhi koo hizo viti vipya mahali zilipo na nguvu kuliko popote. Kwa Wamoro, sauti ya kanda imeshaandikwa katika sheria ya mwaka 2018 iliyowapa bunge lao, lakini uchaguzi wa kwanza wa bunge hilo, uliopangwa kufanyika 2022, umeahirishwa zaidi ya mara moja, na hadi mwaka 2025 ulipomalizika lilikuwa bado linaendeshwa na wabunge wa kuteuliwa. Viongozi wa Manila wanaosema kwamba kusini hakusikilizwi wangeweza kuanza kwa kuhakikisha kwamba uchaguzi huo unafanyika.