Mlima Upimwe Kuanzia Wapi?

Vitabu vya jiografia huipanga milima kwa kimo chake juu ya usawa wa bahari: Everest mita 8,848.86, kipimo ambacho Nepal na China zilikitangaza pamoja Desemba 2020, na Kilimanjaro mita 5,895. Wapo wanaosema mpangilio huo unaipunja milima inayosimama peke yake, na hoja yao ina uzito. Everest umeketi ukingoni mwa uwanda wa juu wa Tibet. Anayeupandia kaskazini huanzia kambi iliyo takriban mita 5,200, kwa hiyo kilichobaki hakifiki mita 3,700. Kilimanjaro huanzia tambarare za Moshi, chini ya mita 1,000, ukapita migomba na kahawa, msitu, vichaka na jangwa la mawe hadi barafu. Hizo ni karibu mita 5,000 za mlima wenyewe.

Tatizo ni kwamba mguu wa mlima haushikiki. Upande wa Amboseli ardhi iko juu zaidi ya mita 1,100. Ukianzia huko, mlima uleule unapungua mita mia mbili hivi bila jiwe kuporomoka. Tena mapafu hayajali mguu uko wapi. Kwenye Kilele cha Uhuru shinikizo la hewa ni takriban nusu ya lile la pwani, na juu ya Everest ni kama theluthi. Kwa mpandaji, usawa wa bahari ndio unaoamua.

Hata huo usawa, chini ya mlima, hupatikana kwa hesabu. GPS hupima kutoka umbo laini la kihesabu la dunia, na Afrika Mashariki usawa wa bahari uko chini ya umbo hilo kwa zaidi ya mita 10. Ukisahau kusahihisha, mlima wako unatoka mfupi. Ndiyo maana tarakimu hutofautiana: 5,895 ya mwaka 1952 ilipatikana kwa kupima pembe kutoka mbali, GPS ilitoa 5,892 mwaka 1999, kisha 5,891 mwaka 2008. Bango la kileleni limebaki na 5,895.

Kwa safu za milima, naona kipimo cha haki ni kingine: ushuke kiasi gani, kwa uchache, kabla ya kuanza kuupanda mlima ulio mrefu zaidi? Lhotse, wa nne duniani kwa mita 8,516, umeungana na Everest kwa mgongo unaoshuka mita 610 tu. Kwa kipimo hicho Kilimanjaro ndio wa nne, nyuma ya Everest, Aconcagua na Denali, kwa mita 5,885.

Nacho kina kasoro. Mita 10 zilizokatwa hapo zinatoka Suez, ardhi ya chini inayoiunganisha Afrika na Asia, maelfu ya kilomita kutoka Moshi. Kwa mlima wa pekee kama huu, ningeandika namba mbili: kimo juu ya bahari, na kimo kutoka tambarare, upande uliopimiwa ukitajwa.